Maandishi ya Ukutani Katandala

Baltazari alikwama miaka mitatu kwenye banda la gemu la baba yake mdogo. Gemu lenyewe la mpira lilikuwa na maandishi ya Kijapani mwanzo mwisho, na yeye pekee ndiye aliyejua wapi pa kubonyeza. Akiomba kwenda Mbeya kusomea ufundi, huambiwa, “Nani atawafungulia wateja?”

Basi akabonyeza neno moja moja, akiandika Kiswahili chake kwenye boksi la sabuni: anza, badili mchezaji, usiguse hapa kabisa! Akalipigilia ukutani. Wiki haikuisha, wateja wakawa wanajifungulia wenyewe.

Akafungasha begi, akaenda kuaga.

“Shikamoo, baba. Sasa hawanihitaji.”

“Marahaba. Nimeona, mwanangu, una kichwa.” Mzee akatoa CD tatu mpya za gemu kutoka Tunduma. Zote Kijapani.