Bendera Nyeupe ya Malachy Devanney

Malachy Devanney aligawa barua kijijini kwetu miaka ishirini na miwili, na hakuna aliyewahi kulalamika kwamba barua yake imepotea. Kwa uaminifu huo, na kwa kuwa refa Colm Tarpey alimwoa dada yake Dympna, ndiye aliyevaa koti jeupe na kusimama kando ya nguzo ya goli kila Colm alipochezesha. Huku magharibi ya Ireland, katika kandanda yetu ya jadi, refa huja na watu wake wanne wa golini, wawili kila goli, wa kuamua mpira umepita wapi: kaka, binamu, jirani, shemeji. Hawalipwi. Malipo yao ni chakula cha hotelini na matusi, na matusi ndiyo hayapungui.

Mwaka ule Colm alipewa fainali ya mkoa. Watu elfu ishirini na tano walijaa uwanjani, na timu mbili, Wekundu na Bluu, zikafukuzana pointi kwa pointi hata dakika ya mwisho zikawa sare. Hapo Wekundu wakapata mpira wa adhabu, mbali kidogo na goli, upande wa pembeni. Mpigaji wao alikuwa amepiga sita siku ile, zote zikapita juu ya mwamba katikati ya nguzo, na mara zote sita Malachy akainua bendera nyeupe ya pointi, kwani kwetu mpira ukipita hapo ni pointi moja.

Mazoea yakamponza. Mpira ulipoacha mguu, mkono wake nao ukapanda. Bendera ilikuwa juu, uwanja mzima umeshaiona na kushangilia, ndipo upepo ukausukuma mpira ukapita nje ya nguzo yake, upana wa kiganja tu. Aliuona vizuri kabisa. Kipa wa Bluu naye aliuona.

"Mzee, umetoka nje huo," kipa alimwambia kwa upole. "Ishushe tu, hakuna atakayekuuma."

Packie Lavin, aliyeshika nguzo ya pili, aliangalia viatu vyake. Colm akaja mbio.

"Shemeji, umepita ndani?"

"Ndani."

"Una uhakika?"

Kushusha bendera ni kazi ya kufumba na kufumbua. Wangemzomea, wangemwita kipofu, wiki ijayo wangesahau. Lakini Malachy aliikwepa aibu ya dakika moja akajitwika ya maisha.

"Nina uhakika."

Colm alimtazama kidogo, akaandika. Wekundu wakachukua kombe kwa pointi ile ile moja.

Hotelini waliletewa nyama ya ng'ombe na viazi. Malachy aliikata nyama vipande vidogo vidogo, asile hata kimoja.

"Mimi sikuona kitu," Packie alimnong'oneza. "Jua lilikuwa machoni."

"Jua lilikuwa mgongoni kwetu, Packie."

"Basi nilikuwa napiga chafya."

Kisha barua zikaanza. Jumanne zilikuja tatu, Alhamisi kumi na nne, zote za kumtukana Colm, na aliyezipeleka ni nani kama si Malachy? Bahasha moja haikuwa na kijiji wala jina la nyumba. Iliandikwa tu "Kwa Mwizi Tarpey", na ikafika, kwa sababu mgawa barua aliijua nyumba. Dympna alizipokea mlangoni akazitia motoni jikoni, zikaungua pamoja na mboji, udongo mkavu wa kinamasi tunaouwasha kama kuni. Siku hizo alikuwa ameacha hata kwenda dukani.

"Wapuuzi hawa, dada, usiwajali," Malachy alimwambia, akauchukia mdomo wake mwenyewe.

Wiki ya tatu yalitangazwa majina ya marefa wa mechi zilizobaki. La Colm halikuwemo. Jioni hiyo Malachy hakuvumilia tena. Alimkuta shemeji yake zizini, amemlaza kondoo, anampunguza kwato.

"Colm, ule mpira ulikwenda nje. Nilikudanganya."

Colm hakuuachia mguu wa kondoo. "Najua."

"Unajua?"

"Nilisimama nyuma ya mpigaji, mpira ukaenda mbele ya macho yangu. Nani angeuona kunishinda?"

"Sasa mbona uliniuliza?"

"Ili uishushe mwenyewe. Ningekukana mimi mbele ya umati ule, ungegonga milango ya watu kwa uso gani? Nilikuuliza mara mbili, Malachy. Mara ya pili nilikuwa nakuomba."

Malachy alihisi masikio yanamwaka. Alikuwa amekuja kutubu, akidhani amebeba siri, kumbe mwenye kubeba alikuwa mwingine.

"Kesho nawaandikia wakubwa wa marefa," alisema. "Nitawaambia kosa ni langu, jina lako lisafike."

"Waandikie. Wataniita waniulize mimi niliona nini. Na mimi, shemeji, wakiniuliza sitasema uongo. Watajua nilitoa kombe nikijua si halali. Sasa hivi mimi ni refa asiyeona. Baada ya barua yako nitakuwa refa mwizi kweli."

Maji yakimwagika hayazoleki, na haya Malachy alikuwa ameyamwaga kwenye nyumba ya dada yake. Hata ukweli wake ulikuwa umechelewa. Kuusema sasa ni kumzika mtu aliyemsitiri yeye.

"Bado kwato mbili," Colm akasema, bila hasira yoyote, na afadhali angekuwa nayo. "Nishikie huu mguu wa nyuma."

Malachy akapiga magoti kwenye majani makavu akaushika, ameinamisha kichwa, ili shemeji yake asimwone uso.