Kilo Sitini za Baba Mdogo

Harufu ya maganda ya kahawa yaliyolowa, kwangu mimi, ndiyo harufu ya baba mdogo Osmundi. Aliyashindilia kwenye gunia, akalitundika kwenye boriti ya ghala letu pale Mbuji, na kila asubuhi kabla sijaenda shule nilimsikia akilitandika, puu, puu, puu, mpaka bibi apige kelele kwamba ghala litaanguka. Glavu hakuwa nazo; alijifunga matambara. Kwa ngumi hizohizo alikuwa bingwa wa mkoa. Mwaka uliotangulia alimlaza mtu raundi ya pili, akarudi na kombe la bati ambalo bibi alilitia chumvi ya jikoni, maana bibi yangu hakuona sababu ya chombo kukaa bure.

Kiangazi ninachokikumbuka, aliitwa Songea kwenye pambano la mchujo. Akishinda, anakwenda Dar es Salaam, na huko ndiko walikochagua timu ya taifa. Hakuwa na ndoto nyingine. Sharti lilikuwa asizidi kilo sitini. Jamani, alivyojinyima! Alikimbia kupanda na kushuka mashamba yetu ya ngolo, yale ya mashimo mlimani, akiruka shimo hadi shimo, na jioni anaonja ugali tu. Bibi alinuna. Kwake yeye, anayekataa chakula ama anaumwa ama ana dharau.

Uzito wake tuliujulia kwenye kahawa. Soko huria lilikuwa ndiyo kwanza limeingia, na badala ya chama cha ushirika peke yake alikuja mnunuzi mmoja na gari lake, akitundika mizani yenye ndoano kwenye mkaratusi karibu na kanisa. Magunia yakiisha, baba mdogo anadaka ndoano kwa mikono miwili, anakunja miguu, ananing'inia. Watu walicheka mbavu hawana. Kazi ya kusoma ilikuwa yangu, nami niliringa kwelikweli.

"Soma, mama," alisema, mishipa ya shingo imemtoka.

"Hamsini na nane!"

Mnunuzi akapiga makofi. "Bingwa, una nafasi ya kilo mbili hapo! Nenda kale."

Nilitimua mbio kumwambia bibi. Siku nne zilizobaki alipika kama kuna harusi: ugali, maharage, na samaki wakavu aina ya mbasa walioletwa na dada yake kutoka Lituhi, ziwani. Baba mdogo alikula amefumba macho, mimi nikimwongezea mchuzi. Asubuhi ya safari akaning'inia tena. Sitini kamili! Nilipaza sauti mpaka koo likakauka.

Alirudi kesho yake kwa miguu kutoka barabara kuu, uso hauna hata mkwaruzo. Hapo nikajua kuna jambo.

"Mama," alimwambia bibi, "mizani ya kule imesema sitini na tano."

Walimpa saa moja. Alizunguka uwanja mbio, amevaa masweta mawili, akapungua kilo moja tu, wakamwondoa. Hakurusha hata ngumi moja. Nililia, nikaapa kwamba nilisoma sawasawa.

"Ulisoma sawa, mama," alisema, akanifuta machozi kwa matambara yake.

Bibi aliweka mwiko chini. Kisha akauliza, "Na magunia yetu je?"

Kijiji kizima kilikimbilia kwenye mkaratusi. Tulikuta alama za matairi.

Mwito wa Dar haukuja tena. Baba mdogo aliteremkia Lituhi, akawa mvuvi, na gunia lake likaoza ghalani. Mimi ni muuguzi wa kliniki ya watoto huko huko ziwani. Mizani yetu nayo ni ya kutundika, ina ndoano, na kila asubuhi, kabla mzazi wa kwanza hajafungua kanga, natundika kwanza jiwe langu la kilo tano. Wenzangu wananitania. Waache. Mizani yangu haidanganyi, lakini siku nyingine natamani kile kiangazi mpaka kifua kinauma.

Mwezi uliopita baba mdogo alimleta mjukuu wake. "Shikamoo, baba mdogo." "Marahaba, mama." Tulipomshusha mtoto, aliitazama ndoano iliyobaki wazi, kisha akaishika kwa mikono miwili, taratibu, miguu yake ikiwa chini.

"Soma, mama."

Mshale haukufika hata kumi.

"Sitini kamili, baba mdogo," nikasema.