Mdomo wa Kiondo cha Mama

Nilipokuwa bado mtoto wa kutumwa maji, huko chini ya Kanyangi, mto wetu ulikuwa mchanga mtupu karibu mwaka mzima, na maji tuliyachimba. Mahali pamoja tu hapakuchimbwa: kati ya miamba miwili mikubwa, tulipopaita Kwa Syua, yaani kwake jua. Ukiingia pale, jua linakungoja. Unakaa mpaka unachoka, kisha unatoka na kukuta wenzako bado wanamfunga punda kamba. Mbuzi walioingia pale asubuhi walitoka asubuhi hiyo hiyo wakifuatwa na watoto wao. Jirani mmoja mwenye tamaa alitia fahali wake anenepe haraka; akatoka ng'ombe mzee, hana jino. Tulimcheka sana, lakini punda wetu hakukubali kupita hapo hata umvute masikio.

Kulikuwa na jambo jingine lililosemwa kwa sauti ya chini: kwamba mtu akizikwa, hupumzika pale kidogo kabla ya kuendelea na safari yake. Kanisani hatukulitaja. Nyumbani kila mtu alilijua.

"Siku za pale si za bure," alituonya nyanya yetu, tuliyemwita Susu. "Ni zako mwenyewe, unazila mapema. Na mwili ukishazoea kukimbia hausimami."

Alituonya zaidi wakati mama alipofariki. Mimi ndiye niliyekuwa kifungua mimba, na mdogo wangu Mwende ndiye aliyenifuata. Susu alitunyoa vichwa siku moja, tukabaki tunang'aa kama vibuyu.

Mama aliacha kiondo ambacho hakijakwisha. Alikuwa akikisuka huku anatembea, mzigo mgongoni, kama akina mama wote wa kwetu. Lakini mdomo wa kiondo aliufunga kwa namna yake, akizikunja nyuzi za mkonge kwa ndani hata usione zilikoishia. Hakuna aliyejua alivyofanya, hata Susu, mama mkwe wake. Basi Susu akakitundika ukutani.

"Atakayeweza kukifunga kama yeye," alisema, "ni chake."

Nilikitaka kile kiondo kuliko nilivyotaka chakula. Mimi si ndiye mkubwa? Nilifunga, nikafumua, nikafunga tena, vidole vikachubuka. Mwende alikuwa akinitazama tu, hasemi neno, na huko kunyamaza kwake kulinikera mno.

Asubuhi moja Susu alibandika muthokoi, yale mahindi yetu yaliyokobolewa ambayo huiva kwa taratibu zake. Mwende akachukua kibuyu, akaenda mtoni. Sikuangalia ukutani. Muthokoi haujaanza hata kutokota, huyo amerudi.

"Woi!" Susu aliangusha mwiko.

Kichwa cha Mwende, kile kipara cha juzi, kilikuwa na nywele nyingi, zimesukwa mistari myembamba, ile mama aliyokuwa akitusuka Jumamosi kwa ajili ya kanisa. Gauni lilikuwa limempanda juu ya magoti. Alikuwa amenipita urefu. Na kwapani alikuwa na kiondo, mdomo umefungwa, nyuzi hazionekani zilikoishia.

"Umekaa na nani, wewe?" Susu aliuliza, ingawa jibu alikuwa analiona kwa macho.

"Na mwaitu," Mwende akasema. Ndivyo tulivyomwita mama.

Susu aliketi chini akalia, akimpapasa mikono, magoti, meno, kama anayekagua mbuzi sokoni. Mimi hakuna aliyenitazama. Mimi nilikuwa natazama ile mistari. Kiondo, sawa, achukue! Lakini kichwa chake kilikuwa kimelala mapajani pa mama, na changu kilikuwa kipara. Ningeruhusiwa, ningemfumua kwa kucha.

Kesho yake nikaenda peke yangu. Nilikaa kati ya miamba ile nikaita, nikanyamaza, nikaita tena. Palikuwa na mchanga na mijusi. Niliporudi, wenzangu walikuwa wameshakula na sufuria imeshaoshwa. Jua, lililongoja hata mbuzi, halikuningoja mimi. Mama alikuwa amekwenda zake, na Mwende ndiye aliyemmaliza peke yake, bila kunibakishia hata ukoko.

Onyo la Susu lilitimia polepole, mbele ya macho yetu. Mwende alivunja ungo kabla yangu, akaolewa kabla yangu, huko Kambu, kwenye barabara ya Mombasa, akawa anauza nyanya na vitunguu. Kila nilipomtembelea, mvi zilikuwa zimeongezeka. Wateja walinisalimu wakidhani mimi ni binti yake. Mtu mwingine angefurahi! Mimi nilikuwa nikitazama kiondo kimening'inia kwenye msumari, na moyo ukiniwaka upya kila safari.

Mwishowe hakuweza kusimama. Nikaenda kumwogesha, mimi bado nina nguvu za kubeba mtungi, yeye ajuza mwenye mifupa myepesi. Siku moja nikimpaka mafuta miguuni, likanitoka lile swali nililolibeba tangu utotoni.

"Mwende, aliniulizia hata siku moja?"

Alicheka, kicheko kikavu.

"Kukuulizia? Nduku, alikuwa ananiita kwa jina lako."

"Unasema nini?"

"Macho yake hayakuwa mazuri tena. 'Nduku, leta uzi. Nduku, kaa nikusuke.' Siku zote. Mimi nilikuwa nasema ni Mwende, na yeye anasema sawa, Nduku wangu. Unafikiri ni kwa nini nilikaa sana hivyo? Kiondo alinifundisha mapema tu. Nilikuwa nangoja aniite Mwende, hata mara moja." Akageuza uso ukutani. "Wewe ulikuwa unangoja muthokoi wako huko nje, na bado aliyeitwa ni wewe. Nilikuchukia, dada yangu."

Nilijipangusa mafuta mikononi. Kumbe wivu nilioulea miaka yote ile ulikuwa na pacha wake, na pacha huyo alilelewa katika nyumba hii, kwa siku za maisha ya Mwende, alizozitumia zikaisha.

Nikamshika kichwa, nikakiweka mapajani pangu, nikaanza kuzigawa zile nywele nyeupe kwa mistari myembamba. Nikamwita kwa sauti ya mama, kadiri nilivyoikumbuka.

"Mwende."

Alifumba macho. "Mwaitu," akaitika, uso wake ukatulia.

Na mimi, Mungu anisamehe, hata hapo nilimwonea wivu. Yeye aliitwa mara moja, akaitika. Mimi niliitwa siku zote zile, na sikuwepo.