Karani na Barua ya Dada Yake

Mshonaji wa chumba cha mbele ndiye aliyeanza. "Karani kapata mchumba uzeeni," alimwambia mama mwenye kichanga wa chumba cha tatu. "Kila jioni yuko na karatasi. Anaandika, anachana, anaandika, anachana. Kama si mapenzi ni nini?"

Mama yule akambeba mwanawe mgongoni, akaenda kwa karani kuomba chumvi ambayo kwake ilijaa kopo. Umbea hakuupenda, alijiambia. Alipenda kujua tu.

Karani, aliyewaandikia watu barua nje ya posta miaka thelathini mpaka simu zikamnyang'anya wateja, alikuwa kazungukwa na karatasi zilizochanwa.

"Chumvi ile pale, mwanangu. Na mchumba hakuna, kamwambie mshonaji."

Mama akaisahau chumvi, akauliza karatasi zote zile ni za nini.

Mzee akaeleza, akijicheka mwenyewe. Dada yake mkubwa alikuwa akipata barua yake kila mwezi. Mwezi uliopita mzee akaona naye awe wa kisasa, akamtumia ujumbe wa sauti kwenye simu ya mjukuu wa dada. "Sasa mimi mdomo umezoea kutaja alama mkono ukiandika. Nikasema: dada mpendwa, mkato, mimi mzima, nukta, aya mpya. Wajukuu wakavunjika mbavu. Dada kaona namfanyia mzaha. Hataki tena sauti yangu, anataka barua."

"Si umwandikie, babu?"

Akauweka mkono wa kulia mezani. Ulitetemeka mpaka kikombe kikalia. "Tangu nilipougua mwezi uliopita. Yeye hajui. Bahasha zangu huwaonyesha majirani zake, wauone mwandiko. Nimpelekee mikwaruzo hii?"

Mama akaiona hatari inakuja, akajitetea mapema. Aliishia darasa la saba, na mwalimu aliwahi kuligeuza daftari lake juu chini akidhani kalishika vibaya. Siku hizi aliandika kwa vidole gumba, maneno nusunusu. Mara ya mwisho kushika kalamu ilikuwa kliniki, kutia sahihi, na nesi akamuuliza nani kamsukuma kiwiko.

"Mwandiko wangu unatia aibu, babu."

"Ndiyo vizuri. Ukiandika vizuri atadhani ni mimi." Akafuta kiti kwa kiganja, akamsogezea kalamu. "Mlaze mtoto hapo kitandani. Niandikie, mwanangu. Mwambie mkono wangu hauandiki tena. Ila mwambie taratibu."