Achari Iliyojazwa na Mfiwa

Nilipokuwa bado mtoto wa kutumwa chumvi dukani, hapa Uvira, niliamini kwamba huzuni hutoka mwilini kupitia vidole. Wanawake wa kwetu walisema hivyo kila walipotengeneza achari ya samaki: aliyefiwa na mume asitie mkono kwenye bokali, chupa ya kuhifadhia, kabla ya arobaini, samaki wataoza. Aliyenifundisha kuitengeneza ni Nyanya, mama yake mama, na mtaani hakuna aliyemshinda kwa achari ya mukeke, samaki wa ziwa letu.

Babu alipofariki, Nyanya hakulia. Alikaa kwenye jamvi na nguo zake nyeupe za eda, macho makavu, akiuliza tu kama wageni wamekula. Haikuchukua muda wanawake wakaanza kunong'ona. Aliyenong'ona ili asikike ni Mama Zaina, dada yake babu.

"Kaka yangu amezikwa kama muntu asiye na muke," alisema jikoni, na sisi watoto tupo.

Wakati huohuo wavuvi waliokuwa marafiki wa babu wakaleta beseni kubwa la mukeke kama rambirambi. Umeme ulikuwa umekatika, frigo ya jirani imegeuka kabati. Mama akaamua tutengeneze achari, iliwe siku ya arobaini. Tuliwapasua samaki, tukawatia chumvi, tukawakaanga hadi wakakauka. Siki ikachemshwa na vitunguu, tangawizi, bizari na pilipili, mvuke wake ukatuchoma macho. Tulikuwa tumeanza kujaza bokali Nyanya alipotoka chumbani.

"Siki iko moto bado. Mungoje ipoe," alisema, na kuchukua bokali tupu.

Mama akamshika mkono. "Mama, weye hapana. Samaki wataoza."

Mama Zaina akacheka, kicheko kibaya. "Mwache. Mukono yake haina kilio. Itaozesha nini?"

Nilimtazama Nyanya, nikitaka ajibu, amtukane, afanye chochote. Alinawa hadi viwiko, akapanga samaki kama alivyowapanga miaka yote, safu ya samaki, safu ya vitunguu, na siki ilipopoa akaimimina hadi ikawafunika. Akakaza kifuniko, akarudi chumbani.

Tangu siku hiyo, kila nilipolala, niliomba Mungu samaki wale waoze. Niliogopa sana kwamba wangetoka wazuri, halafu kila mtu ajue Nyanya hakumpenda babu.

Siku ya arobaini, baada ya kisomo, Mama akaanza kufungua. Bokali zetu zilikuwa safi, siki inang'aa. Ya Nyanya ilitoa povu kabla kifuniko hakijatoka vizuri, na harufu ikajaa jikoni. Mama Zaina aliichukua, akaiinamishia pua, ingawa hapakuwa na haja. Tulikuwa tumeisikia wote. Akaiweka chini taratibu, akaenda chumbani kwa Nyanya. Nikamfuata hadi mlangoni.

"Wifi," alisema, "kumbe ulikuwa unamulilia."

Nyanya alimtazama. "Minye sikujua kama ninalia."

Kisha akajifunika uso kwa kanga, na ikatoka sauti ambayo sikuwahi kuisikia kwake. Mama Zaina alimkumbatia, na yeye mwenyewe akalia upya. Chakula cha wageni kilipoa siku hiyo, na hakuna aliyelalamika.

Sasa ninatengeneza achari mwenyewe, na ninajua kinachoiharibu: samaki asiyekauka vizuri, chupa yenye maji. Fungu la mwisho la samaki wa siku ile tulilikaanga haraka haraka, na huenda ndilo lililoangukia mikononi mwa Nyanya. Nilimweleza hivyo Mama Zaina alipokuwa amezeeka. Alinisikiliza hadi mwisho.

"Na zenye siye tulijaza," aliuliza, "mbona hazikuoza?"

Sikubishana naye. Kama huzuni hupita vidoleni, mimi sijui. Ninachojua ni kwamba kabla ya siku ile wanawake wawili, ndani ya nyumba moja, walimlilia mtu mmoja, kila mmoja peke yake, na mmoja wao hakuwa na namna ya kuonyesha. Siku hizi nikifika msibani nikasikia watu wanamsema aliyekauka macho, ninamtafuta huyo kwanza. Ninakaa karibu naye, wala simwambii alie.