Jicho la Kushoto la Mdogo Wangu

Ijumaa, tarehe kumi, mwezi wa nne. Asubuhi mvua ndogo kutoka ziwani, baadaye jua la kuchoma.

Leo mabondia walikuwa wanapimwa uzito na afya kwa ajili ya pambano la kesho. Naandika haraka kabla sijaanza kujitetea, maana nikikaa sana na jambo huwa naligeuza mpaka linifae.

Mdogo wangu ndiye bingwa. Alianzia hapa Igogo, akipiga gunia la pumba tulilolining'iniza kwenye boriti ya chumba cha kupanga, mpaka mama mwenye nyumba akalalamika kwamba ukuta unapasuka. Alikuwa na haki, ulipasuka kweli. Alipoleta mkanda kutoka Dar watu walimpokea stendi ya Nyegezi wakambeba mabegani, na mimi wiki ile niliuza dagaa bila kubishana bei na mtu. Nayasema haya isije ikaonekana ngumi zilituletea mabaya tu. Nyumba hii tunayokaa sasa imeezekwa kwa ngumi zake.

Mwaka jana kuna pambano alishinda lakini alipigwa sana usoni. Tangu hapo nikawa namwona akivuka barabara pale Buzuruga anageuza shingo yote kushoto. Kikombe ukikiweka upande huo anakigonga. Nilimuuliza mara moja, akasema ni uchovu. Sikuuliza tena. Mimi ni wa darasa la saba, sikujua niulize nini zaidi.

Leo nilikwenda naye kumshikia nguo. Uzito ulikubali. Vijana wa upande wa pili wakaanza utani, mmoja akamwambia, "Shikamoo, babu bingwa," naye akaitikia marahaba kwa sauti nzito, ukumbi mzima ukacheka, hata daktari.

Yakafuata macho. Daktari alikuwa na foleni ndefu na tangu asubuhi sikumwona akinywa hata maji, kwa hiyo nisingependa mtu aseme ni mzembe. Alimwambia afunike jicho moja asome herufi za ukutani. Mdogo wangu akafunika la kushoto kwa kiganja cha kushoto, akasoma zote. Akaambiwa abadilishe. Akabadilisha mkono. Kiganja cha kulia akakiweka juu ya jicho lile lile la kushoto, akasoma zote tena, vizuri kabisa. Daktari alikuwa ameinamia karatasi yake anaandika.

Nilijikuta nimesimama. Mdogo wangu akaniona, akasema taratibu, "Dada, kaa chini. Nakuomba."

Nikasema, "Daktari, la kushoto hujalipima."

Daktari akainuka, akamfunika mwenyewe jicho la kulia kwa pamba, akanyoosha mkono mbele yake, akauliza ni vidole vingapi.

"Viwili."

Daktari alikuwa amekunja vyote. Akauliza tena.

"Vitatu," akasema mdogo wangu, na mkono ulikuwa bado umekunjwa vile vile. Hakuna aliyecheka, hata yule wa shikamoo babu. Kijana huyo alikuwa ameinamisha kichwa.

Daktari aliandika kwamba hapigani, si kesho wala siku nyingine, mpaka hospitali ya macho iseme. Kocha wake hakunitukana. Aliniambia tu kwamba ningewaita pembeni tukazungumza wenyewe, siyo kumvua nguo mbele za watu. Ana hoja. Sijui kama huko pembeni ningefungua mdomo, lakini ana hoja.

Njiani mdogo wangu alisema ameshapigana kwa jicho moja na akashinda. Hilo nalo ni kweli, nilikuwepo nikapiga vigelegele. Tulipokaribia nyumbani akasema, "Ungeniachia kesho tu, dada."

Nilitaka kumwambia mimi ndiye niliyemlea tangu mama afariki. Nikaona hilo siyo jibu, ni kumdai. Mpaka sasa sijui kama nimemwokoa au nimemmaliza, na huenda vyote viwili.

Jioni tulikula ugali na kuku. Kuku alinunuliwa ili ampe nguvu za kesho, na alikuwa ameshachinjwa. Nilimpakulia paja, akala, akasema chumvi imepungua. Nikaonja. Ilikuwa imepungua kweli.