Debe la Mtani

Nyie vijana mtakaosoma haya, sitaki huruma yenu. Someni tu, tena polepole, maana mimi mwenyewe niliyeyaona sijayaelewa yote mpaka leo. Kuandika nilijifunza ukubwani, kwenye kisomo cha jioni, mtoto yuko mgongoni, na mwalimu wetu alituambia tuandike kama tunavyosema. Basi naandika ninavyosema. Penye kosa rekebisheni kimya kimya.

Wajukuu zangu wananiletea habari za shule. Fulani kanyang'anywa maandazi yake, fulani kila siku anafichiwa kiatu, fulani hataki tena kwenda. Mnaongea kama jambo lililozaliwa juzi. Lilikuwepo. Ila sisi tulikuwa na jina jingine la kuliitia, na jina hilo ndilo lililonivuruga.

Tulihamia kijijini wakati wa Ujamaa. Kabla ya hapo, upande wetu wa Handeni kila mtu alikaa kwenye shamba lake, na jirani yako ni ule moshi unaouona ng'ambo ya bonde. Tukaambiwa tuhame, tukahama. Nyumba zikapangwa mstari, mlango unatazama mlango. Mimi nilinuna. Lakini nilipoona nani kapewa kiwanja cha pembeni yetu nikacheka peke yangu. Walikuwa watani wetu.

Niwaeleze, maana wengine wenu mnadhani utani ni kuchekeshana tu. Ukoo wa mume wangu na ukoo wa yule mama jirani walikuwa watani tangu mababu. Mtani anaingia kwako bila hodi, anakutukana mbele ya wageni, anafunua chungu chako na kutoa nyama. Nawe ukienda kwake unafanya hivyo hivyo. Sheria yake ni kwamba hakuna kukasirika. Anayekasirika anatozwa kuku, na kijiji kizima kinamcheka mpaka mavuno. Yule mama alikuwa hodari wa kazi hiyo. Asubuhi ya kwanza kabisa alisimama mlangoni kwangu akasema, "Mtani, hii ni nyumba au mmeegesha kuni?" Nikamjibu, "Ni kuni, na tunasubiri wewe tukupike." Tukapendana hapo hapo.

Shule tuliijenga wenyewe, udongo na miti, na tulipoimaliza nikampeleka binti yangu. Mimi utotoni sikukanyaga darasa hata mara moja. Baba yangu alisema msichana akijua kusoma atasoma barua za wanaume. Kwa hiyo niliapa moyoni kwamba huyu wangu atafika darasa la saba, hata kama nitalima peke yangu mpaka mgongo ukatike. Hilo ndilo nililotaka, sikutaka jingine.

Handeni mnaijua, maji ni shida. Shule ilikuwa na bustani, na kila mwanafunzi alitakiwa aje asubuhi na debe la maji kutoka lamboni, bwawa la kijiji. Binti yangu alikuwa darasa la tatu. Binti wa mtani wangu alikuwa la sita, mrefu, mwenye sauti, ndiye kiranja wa maji. Nikasema mwanangu kapata dada mkubwa.

Halafu nikaona nywele zake utosini zinanyonyoka. Pakabaki mahali pa mviringo, papo wazi. Nikasema mapunye. Nikampaka ndimu na majivu, nikampaka mafuta ya taa. Alilia kwa kuungua, nikamwambia nyamaza, dawa ni chungu. Hayakupona. Kila nikimtazama, pale pa mviringo pamezidi. Na akawa hali. Namtilia bada, ugali wa muhogo, na kisamvu, anamega, anafinyanga tonge, analirudisha sahanini.

"Unaumwa?"

"Siumwi, mama."

"Mbona huli?"

"Nimeshiba."

Mtoto wa wakati ule anasema ameshiba!

Asubuhi moja nilikuwa natoka shambani kufukuza ngedere, nikapita njia ya lambo. Nikamkuta mwanangu ana debe kichwani, shingo imezama, maji yanamchuruzika usoni. Pembeni, juu ya jiwe, wamekaa wasichana wakubwa wanasukana. Na pale jiwe lilipo pana debe jingine tupu.

Nikauliza, "Hili tupu la nani?"

Binti wa mtani wangu akasimama kwa adabu zote. "Shikamoo, mama."

"Marahaba. Nimeuliza debe la nani."

"Langu, mama. Akishapeleka lake anakuja kunichukulia na langu. Si mtani wangu? Nimemwambia kichwa chake Mungu alikiumba kwa ajili ya debe, hesabu haziingii."

Wenzake wakaangua kicheko. Na mimi nikacheka. Nawaambia kweli, lilikuwa neno la kuchekesha, na mama yake angelisema hivyo hivyo kwangu nami ningecheka. Mtani akikutania unacheka. Ndivyo nilivyolelewa. Nilipogeuka kumtazama mwanangu nione kama naye anacheka, alikuwa ameshaondoka na debe lake, anatembea haraka kuliko mzigo unavyoruhusu.

Hapo ndipo nilipojua kwamba mapunye si mapunye. Ngata ya nguo anayoweka kichwani chini ya debe ndiyo iliyomla nywele, kwa safari asizostahili. Lakini sikujua jambo hilo niliite nini. Angekuwa mtoto wa mtu mwingine ningeshika fimbo. Huyu alikuwa mtani.

Nikaenda kwa mwalimu, kijana wa kuja, shati limenyooka. Nikamweleza. Akanisikiliza vizuri, kisha akasema, "Mama, wadogo kuwatumikia wakubwa ni nidhamu. Hata sisi tulikuzwa hivyo, na tazama, tumekuwa watu. Halafu hii ni elimu ya kujitegemea."

Nikamwuliza, "Sasa mwalimu, anayejitegemea ni yupi, anayebeba au anayebebewa?"

Akacheka mpaka akashika meza. "Mama, kumbe na wewe una utani!"

Nikatoka. Hata pale nimesema langu la moyoni, nimeambiwa natania.

Nikafikiri njia nyingine. Mtani ana haki ya kuchukua kitu kwako mpaka ukikomboe. Basi nikaenda kwa jirani yangu, nikaingia bila hodi kama kawaida, nikalichukua debe la binti yake nikajitwika. Mama wa watu alikuwa anapepeta mtama.

"Mtani, unahama na mali zangu?"

"Nahama nazo. Mpaka binti yako aje kulikomboa kwa kunichotea maji."

"Chukua! Chukua na mwenye debe, ukamlishe, anakula kama nzige!"

Watu wakajaa uani kutazama. Nikashusha sauti nikamwambia, "Mtani, sikia. Mwanao anamtumikisha mwanangu. Mtoto ananyonyoka nywele."

Akaacha kupepeta. Akanitazama kwa jicho la kicheko, akauliza kwa sauti ya watu wote kusikia, "Mtani, umekasirika?"

Wote wanangoja. Nikisema ndiyo, natozwa kuku, na mume wangu anachekwa, na utani wa mababu nimeuvunja mimi mwanamke wa kuja kwenye ukoo. Nikasema, "Nani kakasirika? Sijakasirika." Wakacheka, wakapiga vigelegele, nikatembea kwenda nyumbani na debe la watu kichwani kama mjinga wa harusi.

Kesho yake yule binti hakuwa na debe, kwa hiyo alichukua la mwanangu, na mwanangu akafika shuleni mikono mitupu, akachapwa kwa kukosa maji. Ndicho nilichomsaidia.

Nikalirudisha debe la watu, na sikwenda tena kwa jirani kwa shauri hilo. Halafu baba mkwe wangu akafariki, na hapo nikazidi kuchanganyikiwa. Yule yule mama alifika msibani wa kwanza. Akaingia anaangua kicheko, amevaa koti la marehemu nje ndani, amebeba fimbo yake, anachechemea kama yeye alivyokuwa akichechemea. Akaenda mbele ya mume wangu akamwambia, "Baba yako katoroka, nimemdai tumbaku yangu mpaka kafa!" Mume wangu, ambaye tangu alfajiri hakuwa amefungua kinywa, akacheka, kisha ndipo machozi yakamtoka. Huyo mama akalivua koti, akalikunja, akashika shoka la kuni, akapikia watu, akateka maji mwenyewe kutoka lamboni, akanifunga khanga tumboni nisianguke. Mtu kama huyo nimchukie kwa lipi? Nilimpenda. Nampenda mpaka leo, na ameshakufa.

Mwanangu alikuwa amekaa karibu nami kwenye mkeka, anaangalia yote. Nikaona ni wakati mzuri wa kumfundisha. Nikamwambia, "Unaona? Huo ndio utani. Leo anakutukana, kesho ndiye anayekufariji. Usiwe na moyo mdogo kwa binti yake."

Akafikiri. Alikuwa mtoto wa kufikiri kabla ya kusema. Akasema, "Mama, yule akimtania baba, baba naye anamtania. Mimi nikimjibu binti yake napigwa. Sasa huo wangu ni utani gani?"

Nikatafuta jibu. Nikalitafuta kwa mama yangu, kwa bibi yangu, kwa kila neno nililowahi kuambiwa jikoni. Nikamwambia, "Nenda kachote maji."

Akaenda. Na tangu siku hiyo aliacha shule. Anaondoka asubuhi na debe na ubao wake, anaingia kwenye vichaka vya lamboni anakaa humo mpaka wenzake watoke. Mchunga mbuzi ndiye aliyeniambia. Nilimpiga. Akarudi shule siku ile, kesho yake yuko kichakani. Nilimpiga tena na haikusaidia kitu, nikaona kabisa darasa la saba linaniponyoka.

Nikasema na mume wangu, tukampeleka Korogwe, Kwamndolwa, kwa wifi yangu, dada yake mume wangu. Huko kuna kisima karibu na hakuna mtani wetu hata mmoja. Siku ya kupanda basi mwanangu hakulia. Mimi ndiye niliyelia, nikasingizia vumbi.

Habari zikawa njema. Anasoma, anakula, nywele zimeota. Ameingia la tano, ameingia la sita. Wifi yangu akituma salamu anasema, "Huyu mtoto wenu ana mdomo, atakuwa mwalimu." Nikashukuru Mungu. Nikasema lile jambo limeisha, halikuwa na mizizi.

Likizo moja wakaja wote kututembelea, wifi yangu, mwanangu, na kitinda mimba wa wifi yangu, kitoto cha darasa la pili. Mwanangu amerefuka, kifua mbele, anaamkia watu vizuri. Jirani yangu akaja bila hodi akamwambia, "Korogwe wanakupa mbolea?" naye akamjibu papo hapo, "Wananipa ile mliyonyimwa nyie." Tukacheka sote. Nilijivuna, siwafichi.

Nikakipakata kile kitoto nikifungue kilemba nikisuke. Utosini pana mahali pa mviringo, papo wazi.

Wifi yangu akaona nimesita. "Mapunye hayo, wifi. Nimempaka mafuta ya taa mpaka nimechoka. Hayasikii."

Nilikaa na kichwa kile mapajani. Nikamwuliza mtoto taratibu, "Maji ya shule unachota na nani?"

Akamtazama mwanangu kwanza. Kisha akatazama chini. "Peke yangu."

"Ya nani na ya nani?"

Akarudisha kilemba chake utosini.

Mwanangu alikuwa amesimama mlangoni. Akacheka kidogo, kicheko ninachokijua, nilikisikia kwenye jiwe la lambo. Akasema, "Ni utani tu, mama. Mbona na mimi nilibeba?"

Wifi yangu akacheka. Mume wangu naye, aliyekuwa anachonga mpini, akacheka, kwa sababu neno utani likisemwa nyumbani kwetu watu wanacheka. Nikawatazama wote. Nilidhani nimemwokoa binti yangu, kumbe nimempandisha basi na lile debe. Tena nisingeweza kusema limeanzia wapi, kwa yule binti, kwa mwalimu, kwa mtani wangu niliyempenda, au pale nilipocheka njiani. Mpaka leo nikilifuata nyuma napotea. Kumwachisha shule sikuweza, ndilo tegemeo langu. Kumwacha hivyo alivyo sikuweza pia.

Nikasimama. Nikasema, na mume wangu akaacha kuchonga:

"Acheni kucheka. Kuanzia leo, katika nyumba hii, na ya Korogwe ni nyumba hii hii, hakuna kusema utani mpaka yule aliyetaniwa acheke wa kwanza. Wewe baba yao umo. Wifi, mafuta ya taa yaache yawashe taa. Na wewe binti yangu, shule utamaliza, lakini debe la huyu mtoto utalibeba wewe, lako na lake, mpaka nywele zake ziote."